Je, Wajua? Wasomi Wanaovaa Vyeti Vyao Shingoni

Je, wajua kwamba huko Westeros, bara lililobuniwa na mwandishi wa Marekani George R. R. Martin, msomi haonyeshi cheti bali mkufu? Wanazuoni hao huitwa maester. Husomea Citadel, chuo kikongwe katika mji wa bandari wa Oldtown, na kila somo mtu analofuzu humpa pete moja ya mkufu, kila somo na madini yake. Fedha ni utabibu. Dhahabu ni hesabu. Chuma cheusi ni ufugaji wa kunguru, na usiudharau ufugaji huo, kwa maana kunguru ndio posta ya bara zima: bila wao mfalme hapati habari za vita mpaka vita vimfikie mlangoni.

Ipo pete moja adimu kuliko zote, ya chuma cha Valyria. Hiyo hupewa aliyesomea uchawi, na inasemwa kwamba katika maester mia moja huvaliwa na mmoja tu. Waliobaki huliona somo hilo kuwa ni kupoteza wakati.

Anayetimiza mkufu wake huapa kuliacha jina la ukoo wake pamoja na urithi wote. Hupelekwa kwenye ngome fulani kuwa tabibu, mwalimu wa watoto, karani na mshauri, na hapo huitumikia ngome, si bwana wake. Ngome ikitekwa leo, kesho asubuhi maester huyohuyo ndiye amfungaye vidonda mtekaji. Hivyo ndivyo sheria isemavyo. Pycelle, maester mkuu wa makao ya mfalme, amejivika minyororo mizito ipatayo dazeni mbili iliyosokotwa pamoja na kupambwa kwa vito, na bado miaka yote hiyo, chini ya wafalme mbalimbali, moyo wake umekuwa kwa ukoo mmoja tajiri, Lannister. Aemon naye, mwanamfalme aliyekataa kuketi kwenye kiti cha enzi, anazeeka na kupofuka katika ngome ya baridi kaskazini ya mbali. Huko anasikia habari za kuangamizwa kwa ndugu zake wala hanyanyui mguu kuondoka. Anafariki akiwa na miaka 102. Ukitaka kumjua Martin kama mtunzi, waweke wazee hawa wawili ubavu kwa ubavu: kiapo ni kilekile.

Je, wajua pia kwamba mtihani wa mwisho wa Citadel hauna jibu? Usiku wa kuamkia kiapo, mwanafunzi hufungiwa peke yake katika chumba chenye giza totoro, akipewa mshumaa wa kioo cheusi cha volkano. Kama anaweza kuuwasha, na auwashe. Hakuna awezaye, hivyo hukesha gizani. Walimu wenyewe wana tafsiri zao za somo hilo. Mojawapo ni kwamba hata aliyesoma sana yapo yasiyowezekana kwake. Sasa, katika utangulizi wa kitabu cha nne cha mfululizo huu wa Martin, A Feast for Crows cha mwaka 2005, zinavuma habari kwamba mmoja wa mishumaa hiyo umewaka. Chuo kizima kimejengwa juu ya imani kwamba uchawi umekufa. Maester mmoja mkorofi, Marwyn, anakwenda mbali zaidi na kudokeza kwamba wenzake ndio walioyamaliza majoka ya zamani, kwa sababu katika ulimwengu wanaoujenga wao hayana nafasi.

Wanawake hawapokelewi chuoni. Lakini yupo mwanafunzi hodari, mpiga upinde, aitwaye Alleras, mtoto wa mama mfanyabiashara kutoka Visiwa vya Kiangazi. Lisome jina lake kinyumenyume: Sarella. Na Sarella ni binti wa mwanamfalme wa Dorne, jimbo la bara hilo; mama yake Sarella ni nahodha kutoka visiwa hivyohivyo, na nyumbani kwao inasemekana binti huyo yuko Oldtown kwa shughuli zake. Martin hajalitamka waziwazi kitabuni. Amewaachia wasomaji furaha ya kuligundua.

Jambo linalonivutia kuliko yote ni kwamba wasomi hawa wa kubuni wameandika vitabu ambavyo unaweza kuvinunua dukani. Fire & Blood, kilichotoka mwaka 2018 na kuzaa tamthilia ya House of the Dragon, kimeandikwa kana kwamba mtungaji wake ni Maester Gyldayn. Mzee huyu anafanya kazi ya mwanahistoria hasa. Tukio moja lina masimulizi matatu: la mtu wa dini anayeupendelea upande mmoja, la maester anayelinda heshima yake, na la Mushroom, mcheshi wa ikulu anayependa umbea wa vitandani. Gyldayn anayapima, anayatilia shaka, na mara nyingine anakiri kwamba ukweli haujulikani. Mara nyingine ni yule mcheshi anayeelekea kuwa karibu zaidi na ukweli.

Na Samwell Tarly, yule kijana mnene mpenda vitabu? Waliotazama tamthilia ya Game of Thrones wanamkumbuka mwaka 2017 akisafisha vyungu vya wagonjwa wa Citadel. Kitabuni hajafikia hatua hiyo. Ndiyo kwanza amewasili, katika sura ya mwisho ya kitabu cha 2005, akaelekezwa chumba kitupu na mwanafunzi mpole anayejitambulisha kwa jina la Pate. Msomaji anajua kwamba Pate alikufa kwenye utangulizi, mara tu baada ya kukabidhi ufunguo ulioibwa unaofungua kila mlango wa chuo. Kitabu cha tano kilitoka mwaka 2011 bila kutuambia Samwell amelalaje.