Munkoyo

Katika Katanga, mwezi wa kumi jua ni kali sana. Mkulima hutoka jasho na kuona kiu. Mama humpelekea munkoyo.

Munkoyo hutengenezwa hivi: Mama huponda mizizi ya munkoyo na kuiloweka katika maji safi. Hupika uji wa mahindi mpaka uive vizuri. Huuacha upoe, ubaki vuguvugu. Uji ukiwa moto mno, nguvu ya mizizi hufa. Kisha hutia maji ya mizizi na kukoroga. Tazama! Uji mzito unakuwa mwepesi na mtamu. Huchuja, hufunika. Kesho yake watu hunywa.

Munkoyo ukikaa siku nyingi huwa pombe: watoto wasinywe. Tena mizizi mingine ya porini ni sumu. Usichimbe bila mkubwa anayeijua.