Je, Wajua? Prosesa ya dola 25 isiyojua kuzidisha

Septemba 1975, wakati wa maonyesho ya elektroniki ya Wescon mjini San Francisco, kampuni ya MOS Technology iliuza prosesa yake mpya, 6502, kwa dola 25 tu. Intel 8080 ilikuwa imetangazwa kwa dola 360. Chuck Peddle na wenzake, wengi wao wakiwa wametoka Motorola, waliifikia bei hiyo kwa kuondoa kila kisicho cha lazima: ndani mna transista takriban 3,500, na rejista tatu tu za kufanyia kazi, A, X na Y.

Haina hata amri ya kuzidisha! Mtunga programu akitaka 7 mara 10, alisogeza biti za 7 kushoto mara moja akapata 14, akaiweka kando. Akasogeza mara mbili zaidi akapata 56. Kisha akajumlisha 56 na 14. Jibu, 70. Uzuri wa mashine hii naouona hapa hasa: ilimlazimu mtu kuijua hesabu yenyewe.

Uchache wa rejista ulifidiwa na kumbukumbu. Kati ya baiti 65,536 inazoweza kuzifikia, 256 za mwanzo huitwa kwa anwani ya baiti moja badala ya mbili, hivyo amri inakuwa fupi na inatekelezwa haraka zaidi. Steve Wozniak aliichagua 6502 kwa Apple I na Apple II. BBC Micro ya Uingereza ikafuata mwaka 1981. Commodore 64 ilitumia ndugu yake, 6510.