Ndugu yetu ananunua chakula kwa simu Marekani: kwa nini hawezi kututumia?



Katika familia nyingi zilizokimbia vita kuna mmoja aliyepelekwa Marekani. Labda alitoka kambi ya Nyarugusu kule Kigoma, au Nakivale nchini Uganda, au Kiziba nchini Rwanda. Alingoja miaka, akaitwa kwenye mahojiano mara nyingi, halafu siku moja akapanda ndege. Katika mwaka wa serikali ya Marekani uliomalizika Septemba 2024, Wakongomani karibu 20,000 walipokelewa huko kama wakimbizi, wengi kuliko watu wa nchi nyingine yoyote. Mwezi wa Januari 2025 serikali mpya ilisimamisha mpango huo. Lakini waliotangulia wako huko, na simu inawaunganisha nasi kila siku.

Na ni ndani ya simu hizo ndipo ugomvi huanza. Tuseme dada mtu anaishi jimbo la Iowa. Jioni moja anatuma sauti kwa WhatsApp: leo sikutoka nyumbani, kuna baridi kali, nimeagiza mchele na kuku kwa simu, kadi ya serikali imelipa, wameniletea mpaka mlangoni. Kaka yake anaisikiliza akiwa Uvira, katika nyumba ya watu waliompokea na watoto sita, na siku hiyo wamekula mara moja tu. Yeye anawaza hivi: dada yangu ana pesa ya bure ndani ya simu, na mimi nina M-Pesa ndani ya yangu. Kuna nini kati yetu isipokuwa moyo wake mgumu? Anaomba mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Dada anajibu kwamba ile pesa haitumiki. Kaka anasikia uongo. Mwisho mmoja anamfungia mwenzake namba, na siku mzee anapokufa, au shamba la baba linapotakiwa kugawanywa, hakuna anayezungumza na mwenzake.

Dada hakusema uongo. Kadi yake si pesa kwa maana tunayoijua sisi. Tueleze namna inavyofanya kazi.

Kadi yenyewe

Msaada huo unaitwa SNAP. Unatolewa na serikali kuu ya Marekani kupitia wizara ya kilimo, na ofisi za kila jimbo ndizo zinazoandikisha watu. Zamani watu walipewa vitabu vya kuponi za karatasi. Polepole karatasi zikaondolewa, na kufikia mwaka 2004 majimbo yote yalikuwa yanatumia kadi ya plastiki inayoitwa EBT, yenye namba ya siri ya tarakimu nne. Kila mwezi kiasi fulani kinaingia katika kadi. Kwa familia ya watu wanne, katika mwaka uliomalizika Septemba 2025, kiasi cha juu kabisa kilikuwa dola 975 kwa mwezi katika sehemu kubwa ya nchi.

Dola 975! Tunajua msomaji amesimama hapo. Lakini hicho ni cha mtu asiye na kipato chochote. Akianza kazi, kwa kila dola 10 za kipato kinachohesabiwa, karibu dola 3 zinaondolewa katika kadi. Tena bei ya chakula ni ya huko, si ya soko la Mulongwe.

Wale waliowahi kupata kuponi katika masoko yanayopangwa na mashirika hapa kwetu wataelewa haraka. Kuponi ilikuwa na thamani, lakini thamani hiyo ilikuwa kwa wafanyabiashara waliochaguliwa, kwa vitu vilivyokubaliwa, na siku iliyopangwa. Ukiipeleka kwa fundi cherehani, ni karatasi tu. EBT ni hivyo hivyo. Inanunua unga, mchele, maharage, nyama, samaki, mboga, maziwa, mkate, hata mbegu na miche ya kupanda chakula. Hainunui sabuni, dawa, nepi za mtoto, pombe wala sigara. Hainunui hata chakula cha moto kilichopikwa tayari. Tangu Januari 2026 baadhi ya majimbo, kama Iowa na Nebraska, yameanza kukataza pia soda. Mama akiweka kuku mbichi na sabuni pamoja mbele ya mashine ya duka, mashine yenyewe inavitenganisha: kuku analipwa na kadi, sabuni inangoja pesa ya mfukoni. Muuza duka hana uwezo wa kumhurumia.

Kuagiza kwa simu

Kwa miaka mingi kadi hiyo ilitumika tu kwa kuipitisha katika mashine ndani ya duka. Sheria ya mwaka 2014 ndiyo iliyoagiza kujaribu ununuzi kwa njia ya intaneti. Majaribio yalianza New York mwezi wa Aprili 2019. Mwaka uliofuata korona ikafika, watu wakaambiwa wabaki nyumbani, na jambo lililokuwa linakwenda polepole likakimbia. Kufikia mwaka 2023 majimbo yote 50 yalikuwa yameingia.

Mnunuzi anafungua programu ya duka katika simu yake, kwa mfano ya Walmart au Amazon, anaandika namba ya kadi yake mara moja, kisha anachagua vyakula. Vile vinavyokubaliwa vinaonyeshwa kwa alama. Wakati wa kulipa anaandika namba ya siri, na anaiandika upya kila anaponunua. Ni duka lililopewa ruhusa na wizara peke yake linaloweza kupokea malipo hayo. Na hapa kuna jambo ambalo dada hakulisema katika ile sauti yake: ujira wa kuleta chakula nyumbani haulipwi na kadi ya chakula. Ile safari mpaka mlangoni aliilipa kwa pesa ya kazi yake, au alinunua chakula kingi ili duka limsamehe ujira. Ikitokea kwamba kuku ameoza, akarudishwa dukani, thamani yake inarudi katika kadi, si mkononi.

Wengine wanafikiri simu imechukua nafasi ya kadi kabisa. Bado. Mwaka 2023 wizara ilichagua majimbo matano, nayo ni Illinois, Louisiana, Massachusetts, Missouri na Oklahoma, kujaribu malipo ya kugusisha simu kwenye mashine ya duka. Kwa kawaida mtu bado anabeba plastiki yake.

Sasa linganisha na M-Pesa, Airtel Money au Orange Money. Kwetu pesa inatoka namba moja inakwenda namba nyingine, na mwenye kibanda anaigeuza kuwa noti. Katika EBT hakuna kitufe cha kutuma. Hakuna mtu anayeweza kupokea. Kinachopokea ni duka tu. Ndugu zetu waliopita Kakuma nchini Kenya walikuwa na kitu cha namna hiyo: Bamba Chakula, mpango ulioanza mwaka 2015. Chakula kiliingia kila mwezi katika laini ya simu, lakini kililipwa tu kwa wenye maduka waliochaguliwa, na haikuruhusiwa kukitoa kama pesa. Laini ilikuwa ya simu, lakini haikuwa mkoba wa pesa.

Njia ya kona

Viongozi watatuuliza: je, hakuna anayeigeuza? Wapo. Kuna wenye maduka wanaopitisha kadi kana kwamba umenunua chakula cha dola 100, wanakupa labda 50 mkononi, zilizobaki wanakula wao. Huko hilo ni kosa la jinai. Mwenye duka anafutwa. Mwenye kadi anaondolewa katika mpango, na mahakama ikikuta ameuza cha dola 500 au zaidi, anaondolewa maisha yake yote. Kwa mtu aliyefika kama mkimbizi, kosa kama hilo linaweza pia kuharibu maombi yake ya uraia. Hata kununua chakula kwa kadi kisha kukipakia katika mapipa na kukituma ng'ambo hakuruhusiwi, kwa sababu chakula hicho ni cha wale wanaoishi naye nyumbani.

Hivyo tunapomwambia ndugu “fanya namna yoyote”, tunajua tunamsukuma wapi?

Kuna na wizi. Wezi huficha vifaa vidogo katika mashine za maduka, vinanakili kadi na namba ya siri, na tarehe chakula kinapoingia, familia inakuta kadi tupu. Kwa muda, serikali kuu ilikuwa inarudisha kilichoibiwa namna hiyo, lakini ulinzi huo ulikwisha tarehe 20 Desemba 2024. Ndiyo maana wengi sasa hubadilisha namba ya siri mara kwa mara, na majimbo mengi yana programu ya kufungia kadi wakati haitumiki. California ilianza mwaka 2025 kutoa kadi zenye chipu, ambazo ni vigumu zaidi kuziiga. Kwa upande wetu inafuata kwamba hakuna sababu yoyote njema ya kumwomba ndugu picha ya kadi yake au namba yake ya siri. Na mtu akija katika eneo la wahamishwa, au katika kundi la WhatsApp, akisema anaandikisha watu kwa ajili ya kadi ya chakula ya Marekani kwa malipo ya dola chache, huyo ni mwizi. Kadi hiyo inaombwa katika jimbo ambamo mtu anaishi. Hakuna anayeipata akiwa Kongo.

Waliokuwa nayo na sasa hawana

Jambo hili ni jipya na limewashtua wengi. Kwa miaka mingi mkimbizi aliyepokelewa Marekani aliweza kuomba kadi tangu siku za kwanza. Sheria iliyotiwa sahihi tarehe 4 Julai 2025 ilibadilisha hilo: hadhi ya ukimbizi peke yake haitoshi tena. Mkongomani anapaswa kuwa na kibali cha ukaaji wa kudumu, kile watu wanachokiita “green card”, au awe raia. Mkimbizi huomba kibali hicho akiisha kumaliza mwaka mmoja, na kukingojea kunachukua muda. Basi wale waliofika mwishoni mwishoni, wasio na lugha bado wala kazi nzuri, ndio waliopigwa zaidi. Mwezi wa Novemba 2025, kwa ajili ya mabishano ya bajeti yaliyofunga ofisi za serikali, hata wenye haki kamili walichelewa kupata chakula chao. Ndugu aliyekuambia mwaka 2024 kwamba ana kadi, na leo anakuambia hana, huenda anakueleza ukweli mtupu.

Tuseme pia upande wa kaka, kwa sababu hakukosea kabisa. Kadi ikinunua mchele, mshahara unapumua kidogo. Dada anaweza kuchukua dola 30 au 50 katika mshahara ule na kuzituma, na wengi wanafanya hivyo kwa uaminifu mkubwa. Kinachomwudhi dada ni kuombwa kile asichoweza kutoa. Kinachomwudhi kaka ni kuonyeshwa kuku asiyeweza kumla. Tungewaomba ndugu wa ng'ambo wafikiri kidogo kabla ya kutuma picha za friji iliyojaa.

Kwa viongozi wanaoletewa kesi kama hizi, ushauri wetu ni mmoja. Msianze na swali la nani ana moyo mgumu. Pigeni simu ya sauti kubwa, wazee wote wasikie, na mwulizeni ndugu mambo matatu tu: mshahara wake ni kiasi gani kwa mwezi, kodi ya nyumba inakula kiasi gani, na kadi anayo bado au hapana. Mara nyingi hesabu hiyo haijawahi kufanywa mbele ya watu. Kodi ya nyumba peke yake hunyamazisha chumba. Baada ya hapo mwambieni ataje mwenyewe kiasi anachoweza, hata kikiwa kidogo, na mwezi atakaokituma. Na kaka naye aseme kitakwenda wapi: ada ya shule, dawa, au mbegu za mihogo. Yaandikeni yote mawili katika daftari moja, maana mwezi huo ukifika mtaulizwa.