BANDARI BILA MOSHI... NA MAMA NTILIE JE?

Wiki hii tuweke kando kidogo habari za mitoko na wapenzi wasioeleweka, twende bandarini. Usinune! Hiyo jinzi uliyoipiga pasi leo, simu uliyoshika, hata kitanda unacholalia, huenda vilikaa ndani ya kontena kabla wewe hujavijua.

Mama yangu mdogo anauza chakula kando ya Barabara ya Mandela, upande wa Kurasini. Wateja wake ni madereva wa malori ya masafa, wale wa Zambia na Kongo, pamoja na utingo wao. Foleni ikiwa ndefu, sufuria la wali linakwisha kabla ya saa nane mchana. Foleni ikiwa fupi, wali unarudi nyumbani na sisi ndio tunaumaliza. Lakini foleni hiyohiyo ndiyo inayomkohoza. Injini zinanguruma, magari hayaendi, moshi mweusi unatua mpaka kwenye kachumbari. Ukianika shati jeupe asubuhi, jioni unaanua la kijivu.

Juzi nikamwambia, "Mama, kuna bandari majuu mashine zake hazitoi moshi kabisa, na gari linalobeba kontena halina dereva." Akaniangalia kama nimevuta kitu. Halafu akauliza, "Sasa mama ntilie wa huko anamuuzia nani?"

Nilicheka, lakini usiku nikakosa usingizi. Ndiyo maana naandika.

Bandari yenyewe iko Rotterdam, Uholanzi. Wale jamaa waliishiwa na nafasi, wakajaza mchanga baharini mpaka wakapata ardhi mpya, wakaiita Maasvlakte 2. Mwaka 2015 kampuni ya APM Terminals ikafungua hapo kituo cha makontena ambacho ukikiona unaweza kudhani watu wote wako likizo. Winchi kubwa za kushusha mzigo melini hazina mtu kibandani juu. Mwendeshaji amekaa ofisini, kwenye kiti laini, anatazama kioo kama anacheza gemu. Kontena likishuka linatua juu ya gari bapa, halina usukani wala kiti. Gari hilo linatumia betri, na chaji ikipungua linajipeleka lenyewe kwenye banda ambako roboti linachomoa betri iliyochoka na kuchomeka nyingine. Umeme wao unatokana na upepo.

Sasa sikiliza kitu kilichonivutia zaidi ya betri. Gari lile lina uwezo wa kunyanyua kontena na kulitua juu ya kichanja cha chuma, likaondoka zake. Halisubiri winchi ya yadi ije kulipokea. Nayo winchi ikipata nafasi inakuja, inalichukua kichanjani. Hakuna anayemngoja mwenzake.

Hapo ndipo nilipoanza kuelewa. Mimi nilidhani bandari safi ni suala la kununua mashine za bei mbaya tu. Kumbe moshi mwingi wa bandari ni moshi wa kusubiri. Meli inangoja gati, lori linangoja geti, winchi inangoja lori, na wote hao injini zinawaka.

Chukua mfano wa begi lako la safari. Shati la mtoko umeliweka chini kabisa, na ndilo unalolitaka sasa hivi. Itabidi utoe suruali, utoe taulo, utoe viatu, halafu uvirudishe vyote. Yadi ya makontena iko hivyohivyo. Yanapangwa moja juu ya jingine, na anayekuja leo anataka la chini. Mashine inainua la kwanza, inaweka pembeni, inainua la pili, inaweka pembeni, ndipo inamfikia mwenyewe. Kila mnyanyuo wa namna hiyo ni dizeli iliyochomwa bila hata kontena moja kutoka getini. Ndiyo maana bandari za kisasa zinataka kujua mapema lori gani linakuja saa ngapi kuchukua kontena lipi. Dereva anapewa miadi kama ya kwa daktari. Usiku, yadi ikiwa imetulia, kompyuta inapanga upya ili la asubuhi liwe juu. Kwa hiyo unaweza kupunguza moshi kabla hujanunua hata betri moja!

Meli nazo si haba. Meli ikifunga gatini haizimi kila kitu. Taa, pampu na makontena ya friji yenye samaki na matunda vyote vinataka umeme, na umeme huo unatoka kwenye jenereta zake humohumo melini, mchana na usiku. Dawa yake ni kuichomeka meli kwenye umeme wa nchi kavu, kama unavyochaji simu. Bandari ya Los Angeles ilianza kufanya hivyo kwa meli za makontena mwaka 2004, na California ikaifanya sheria kuanzia 2014. Umoja wa Ulaya nao umeshasema kuanzia 2030 meli za makontena na za abiria zitalazimika kuchomeka kwenye bandari zao kubwa. Hiyo ni noma kwa wenye meli kuukuu.

Turudi kwenye swali la mama mdogo.

Januari 2016, kituo kile kikiwa bado kinanukia rangi, wafanyakazi wa makontena Rotterdam waligoma saa 24. Hawakuwa wanaipinga hewa safi. Nao wana watoto wenye mapafu. Walikuwa wanauliza, mashine ikishika kazi yangu, mimi nashika nini? Walikuwa na vyama imara, wakakaa mezani, wakapata mapatano ya kulinda ajira kwa miaka kadhaa.

Na hili si jambo la leo. Kontena lenyewe lilipoanza, 26 Aprili 1956, meli ya Ideal-X iling'oa nanga Newark, Marekani, ikiwa na makontena 58 tu. Kuanzia hapo kuli aliyekuwa akibeba gunia mgongoni alianza kuyeyuka taratibu. Waliokuwa makuli zamani wapo mitaani kwetu, waulize uwasikie.

Kwetu je? Mwaka 2023 nchi nzima ilibishana juu ya DP World mpaka watu wakanuniana. Oktoba mwaka huo mkataba wa miaka 30 wa kuendesha sehemu ya bandari ya Dar es Salaam ukasainiwa. Kijiweni kwetu tulibishana nani apewe, kwa nini, miaka mingapi. Sikumsikia hata mmoja akiuliza mashine zitakula dizeli au umeme. Mimi mwenyewe sikuuliza, nakiri.

Na umeme sasa hivi tunao. Bwawa la Julius Nyerere kule Rufiji lina mitambo tisa ya jumla ya megawati 2,115, nayo inazungushwa na maji. Winchi za yadi zinazotembea kwa matairi ya mpira, ambazo kwa kawaida hubeba jenereta ya dizeli, zinaweza kuunganishwa na umeme wa gridi. Treni ya SGR ni ya umeme pia. Julai 2025 Rais Samia alizindua bandari kavu ya Kwala, mkoani Pwani, pamoja na safari za mizigo za SGR. Lengo ni kontena lishuke melini, lipande treni, malori yakalichukue hukohuko nje ya jiji.

Kwa mapafu ya watu wa Kurasini, mimi naunga mkono mia kwa mia. Ila kuna watu wanaoishi kwa foleni. Mama ntilie, muuza maji, fundi wa pancha, kijana anayelinda lori dereva akilala. Hawa hawana chama cha kugoma saa 24, na sijui kama jina lao limo kwenye mpango wowote. Mholanzi alikuwa na meza ya kukalia. Mama mdogo meza yake ni ile ya kuwekea sahani.

Nilimweleza yote hayo jioni wakati tunaosha masufuria. Nikamwambia siku malori yakihamia Kwala, hapa patakuwa kimya na shati litakauka likiwa jeupe. Hakujibu kitu. Akamaliza kusugua sufuria la wali, akalifunika, akajifuta mikono kwenye khanga.

"Hiyo Kwala," akasema, "nauli yake shilingi ngapi? Na maji ya bomba yapo?"