Ngozi Safi Kabla ya Kanula: Kinga Isiyopaswa Kuharakishwa

Mgonjwa anapolazwa hospitalini, mara nyingi huwekewa kanula, yaani mrija mwembamba unaoingizwa katika mshipa wa damu ili kupitishia maji, dawa au damu. Aliye mahututi huweza kuwekewa mrija mrefu zaidi, katheta ya mshipa mkuu, ambayo ncha yake hufika karibu na moyo. Mirija hii huokoa maisha. Hata hivyo, kila mrija ni tundu katika ngozi, na tundu linalopitisha dawa laweza pia kupitisha vijidudu.

Chanzo cha maambukizi

Ngozi ya binadamu, hata iliyooshwa vizuri, ina bakteria wengi. Baadhi yao, kama stafilokokasi, kwa kawaida hawamdhuru mtu wanapokuwa juu ya ngozi. Madhara huanza wanapoufuata mrija hadi ndani ya damu. Hujishikiza kwenye plastiki na kujijengea utando unaowakinga dhidi ya antibayotiki na chembe nyeupe za damu. Ndiyo maana mara nyingi tiba hulazimu kuuondoa mrija wenyewe. Mgonjwa aliyeingia kutibiwa nimonia anaweza kujikuta akipigania uhai kwa sababu ya ugonjwa alioupatia wodini.

Dawa ipi itumike?

Dawa za kusafishia ngozi zinazotumika zaidi ni tatu. Spiriti huua vijidudu haraka, lakini ikikauka nguvu yake haidumu. Povidoni-ayodini huua vijidudu vya aina nyingi, ila huhitaji muda zaidi, na hudhoofishwa na damu au usaha. Klorheksidini hushikamana na ngozi na kuendelea kufanya kazi kwa saa nyingi. Ikichanganywa na spiriti, mgonjwa hupata faida zote mbili: kasi na udumifu.

Mwaka 2015, jarida la The Lancet lilichapisha utafiti uliofanyika katika vyumba 11 vya wagonjwa mahututi nchini Ufaransa, ukihusisha wagonjwa zaidi ya 2,300. Waliosafishwa kwa klorheksidini ya asilimia 2 yenye spiriti walipata maambukizi 0.28 kwa kila siku 1,000 ambazo katheta zilikuwa mwilini. Waliosafishwa kwa povidoni-ayodini yenye spiriti walipata 1.77, yaani takriban mara sita zaidi. Kuisugua ngozi kwanza kwa sabuni ya dawa hakukuongeza kinga, ingawa ngozi yenye uchafu unaoonekana hupaswa kuoshwa.

Mahali ambapo klorheksidini haipatikani, au mgonjwa ana mzio nayo, spiriti ya asilimia 70 au ayodini bado ni kinga ya kutegemewa. Kwa watoto njiti, tahadhari ni kubwa, kwani dawa hizi zaweza kuunguza ngozi yao laini.

Namna ya kuitumia

Dawa bora ikitumiwa vibaya haisaidii. Klorheksidini yenye spiriti hupakwa kwa kusugua kwa takriban sekunde 30, kisha huachwa ikauke yenyewe. Haipulizwi kwa mdomo, haipepewi wala haifutwi. Baada ya hapo ngozi haiguswi tena kwa kidole kutafuta mshipa. Vilevile, chupa za dawa zisijaziwe juu ya mabaki, kwani bakteria kama pseudomonasi huweza kuishi hata ndani ya dawa iliyozimuliwa.

Dawa peke yake nayo haitoshi. Katika jimbo la Michigan, Marekani, mpango uliohusisha zaidi ya vyumba 100 vya wagonjwa mahututi uliunganisha hatua tano: kunawa mikono, kuvaa mavazi kamili ya kinga, kutumia klorheksidini, kuepuka mshipa wa kinena na kuondoa katheta isiyohitajika. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2006 yalionyesha kwamba kiwango cha kati cha maambukizi kilishuka kutoka 2.7 kwa siku 1,000 hadi 0 ndani ya miezi mitatu.

Nafasi ya mgonjwa na ndugu

Mgonjwa na wanaomuuguza wamwarifu muuguzi mara waonapo wekundu, uvimbe, maumivu au usaha penye kanula, au homa yenye kutetemeka. Tena wasione haya kuuliza kila siku: je, mrija huu bado unahitajika? Mrija ulioondolewa kwa wakati hauwezi tena kuwa njia ya maambukizi.