Mgomo, Leseni na Polisi: Nani Analindwa Langoni?

Katika wilaya za Tarime na Serengeti, familia nyingi za waamini wetu hupata riziki yao katika mgodi wa dhahabu wa North Mara, ulioko Nyamongo, na katika hoteli na kambi za watalii za Serengeti. Waajiri hao wana leseni za Serikali. Wafanyakazi nao wana haki ya kujiunga na vyama vyao, kama TAMICO kwa wa migodini na CHODAWU kwa wa mahotelini. Mgogoro unapozuka na polisi wakaitwa, swali huulizwa: wamekuja kumlinda nani?

Sheria inasemaje?

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya mwaka 2004, inatambua haki ya kugoma, lakini kwa utaratibu. Mgogoro wa maslahi, kwa mfano nyongeza ya mishahara, hupelekwa kwanza mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Siku 30 zikipita bila mapatano, chama huitisha kura ya wanachama. Wengi wakikubali, mwajiri hupewa notisi ya saa 48. Anayeshiriki mgomo wa namna hiyo hajavunja mkataba wake, wala hawezi kufukuzwa kwa sababu hiyo.

Mipaka imewekwa kwa pande zote mbili. Wagomaji wamekatazwa kuweka kizuizi cha watu langoni, kumfungia mwajiri ndani, au kumzuia asiingie. Mwajiri naye amekatazwa kuleta watu wa kuziba nafasi za walio katika mgomo halali. Akiona mgomo ni batili, pa kwenda ni Divisheni ya Kazi ya Mahakama Kuu.

Wajibu wa polisi ni kulinda amani na mali, na kuzuia uhalifu. Gari likipigwa mawe, au asiyegoma akitishwa, wanapaswa kuingilia kati, na mwenye leseni ana haki ya kuwaita. Lakini kuamua kama mgomo ni halali si kazi ya askari, na leseni haimkingi mwajiri dhidi ya madai ya haki. Askari anayewatisha wafanyakazi warudi kazini ameacha kulinda amani, ameshika upande.

Mafunzo mawili

Tunajua gharama ya kukosa mipaka. Tarehe 16 Mei 2011, polisi waliokuwa wakilinda mgodi wa North Mara waliwafyatulia risasi watu walioingia kutafuta mawe ya dhahabu, na watu wasiopungua watano wakafa. Hao hawakuwa wagomaji, na kuingia mgodini bila ruhusa ni kosa. Hata hivyo, kulinda mali hakumpi mtu ruhusa ya kuua pasipo hatari ya uhai. Kesi iliyofunguliwa London kwa niaba ya baadhi ya waathirika wa matukio ya mgodini hapo ilimalizika kwa maelewano mwaka 2015.

Funzo la pili ni la Bulyanhulu. Oktoba 2007 wafanyakazi wa mgodi huo waligoma. Mwajiri akadai utaratibu wa sheria haukufuatwa, na wengi wakapoteza ajira. Madai yanaweza kuwa ya kweli, lakini njia isipokuwa ya sheria, anayeumia kwanza ni mfanyakazi na watoto wake.

Kanisa linafundisha nini?

Katika waraka wa Rerum Novarum wa mwaka 1891, Papa Leo XIII alitetea haki ya wafanyakazi kuunda vyama, akakubali pia kwamba dola ina wajibu wa kulinda mali na kuwazuia wachochezi. Lakini aliongeza kwamba tiba bora ya mgomo ni kuondoa mapema kinachousababisha, na kwamba maskini, asiye na ngao nyingine, anastahili uangalizi wa pekee. Katekisimu nayo inakiri uhalali wa mgomo usioepukika, na inaukataa unaoandamana na ukatili.

Kwa hiyo tunawasihi viongozi wa vyama watunze kumbukumbu za maandishi za kila hatua, tangu siku ya kupeleka mgogoro kwenye Tume hadi siku ya notisi. Tunawasihi waajiri waketi mezani kabla ya kupiga simu polisi. Na kwenu ndugu zetu askari, ambao wengi mnasali nasi katika jumuiya ndogondogo, tunasema: pale langoni mmesimama kwa niaba ya wote, mwenye mgodi na mchimbaji wake, mwenye hoteli na mpishi wake.