Mafunjo ni Kitalu cha Samaki

Wilaya ya Kaliua iko mbali na bahari, lakini ina maji yake. Upande wa Usinge kuna Ziwa Sagara. Kandokando ya ziwa hili kumeota mafunjo na matete mengi.

Watu wengine huyaona mafunjo kama pori lisilo na faida. Sivyo. Mkulima wa tumbaku anajua kazi ya kitalu. Miche ikifa kitaluni, shamba litapandwa nini? Mafunjo ni kitalu cha samaki. Samaki wachanga hujificha humo wasiliwe na samaki wakubwa. Tena mafunjo huzuia udongo unaoletwa na mvua. Bila mafunjo, ziwa litajaa matope.

Maji ya Sagara huingia katika mto Malagarasi, ambao humwaga maji yake Ziwa Tanganyika. Mwaka 2000 ardhi oevu ya Malagarasi na Muyovozi iliandikwa katika orodha ya dunia ya Mkataba wa Ramsar. Ilikuwa ya kwanza Tanzania.

Ndugu wananchi, tufanye nini?

Tusichome mafunjo ili tupate mashamba.

Tusivue kwa kokoro wala nyavu za matundu madogo. Nyavu hizo huzoa hata samaki wachanga.

Tusilime kando ya maji. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inalinda mita 60 kutoka ukingo wa ziwa au mto.

Ukichoma kitalu leo, kesho usiulize samaki wamekwenda wapi.